Bibi wa Kiatu

Nilipewa kazi mwezi wa Mei, malipo kwa dakika:
filamu saba za Mhispania mmoja, Fermín Olabarri, mchekeshaji,
nizitie Kiarabu chini ya picha, mistari miwili, isizidi,
zionyeshwe Septemba kwenye ukumbi wa Khuwair.
Kihispania nilikisomea Granada.
Kicheko sikukisomea popote. Nilikikuta nyumbani, cha Kiswahili.

Mama nyuma yangu kwenye kochi,
miguu ndani ya beseni la maji ya chumvi,
kiyoyozi kinanguruma, na joto la Mabela limesimama mlangoni
kama mdai.
"Fermini ndiye yupi hapo?"
"Haonekani, mama. Yeye ndiye mtengenezaji."
"Anajificha nini?"

Ya kwanza aliipiga kwa kamera ya kuazima,
ndani ya duka la majeneza la mjomba wake:
mzishi anayezimia akiona maiti.
Waliitazama watu mia tatu, mia mbili jamaa zake.
Shangazi wa mzishi ni kibibi kifupi, Enkarna,
hakuwa mwigizaji, alikuwa mkata tiketi za basi.
Anaingia, anavua kiatu, anampiga nacho aliyezimia.
Mama akacheka kabla sijaandika neno,
naye Kihispania hajui hata cha salamu.
"Kiatu hakitaki mkalimani," akasema.

Ya pili, lifti imekwama na harusi ndani yake.
Ya tatu, meya anazindua sanamu yake mwenyewe
nayo ina pua ya jirani.
Hiyo ndiyo iliyompa tuzo, na suti, na shingo nene.
Enkarna yumo zote, kiatu kilekile.

Kisha akaona haya kuchekesha.
Ya nne: saa tatu, bila rangi, bila shangazi, mvua tupu.
Mama alisinzia, akaamka, ikawa bado inanyesha.
"Maskini. Amefiwa?"
"Hapana, mama. Amesifiwa."

Miaka sita kimya. Halafu ya tano,
na bibi amerudi, sasa ana mkongojo,
anamtazama mchumba wa mpwa wake toka utosini hadi soksi,
anatamka maneno manne yaliyonikosesha usingizi siku tatu,
maana kwa Kihispania yanang'ata pande mbili
na kwa Kiarabu yalitoka kibogoyo.
Mama akatoa mguu mmoja majini.
"Andika: huyu si mume, ni mzigo uliokosa mpagazi."
Nikaandika. Ukaenea mstari mmoja.

Ya sita aliitengeneza ili alipe kodi. Inaonekana.

Ya saba ni mezani, Jumapili, ukoo mzima,
kumi na mmoja wanagombania wali na urithi,
wanapokezana sahani, matusi, mtoto mchanga,
na kuna kiti kimoja wanakizunguka.
Mgeni akitaka kukikalia, wote wanampigia kelele
halafu wanaendelea kugombana.
Hakuna anayesema ni cha nani.
"Leo yuko wapi bibi wa kiatu?"
Nilikuwa nimeshasoma: alifariki majira ya baridi,
wiki mbili kabla ya kamera kuwashwa.
Sikujibu. Mama akafuta miguu, kidole kimoja kimoja,
akaenda jikoni,
nikamsikia akizipanga sahani zilizokwisha kupangwa.

Septemba ukumbi ulijaa.
Watu walicheka sekunde mbili nyuma ya picha,
wakinisubiri mimi, nisiyeonekana.
Kicheko kimoja tu kilitangulia, safu ya mbele,
abaya nyeusi, pochi mapajani, viatu vimevuliwa.

Kilipotokea kile kiti, gizani, kwa sauti ya sokoni:
"Mungu amrehemu, alitufurahisha."
Na mtu huko nyuma, sijui nani,
asiyejua anamwombea nani,
akaitika: "Amina."
Chini ya picha hapakuwa na maandishi.