Arobaini na Moja

Chuo chetu hakina geti.
Unapanda Mabatini kwa ngazi za mawe,
unampita mama wa mihogo ya kukaanga,
kushoto kwenye tangi la maji, halafu
unagonga jiwe la tatu kwa kifundo cha kidole.
Likikuitikia, umefika.
Lisipokuitikia, rudi ukaendelee na hesabu.

Mimi liliniitikia kwa kikohozi.
Mwalimu Budeba alinitazama juu ya miwani:
"Kikohozi nacho ni sauti," akasema,
akaandika daftarini, Limi Lushona, wa Igogo.

Mwaka wa kwanza tulijifunza kuteka nuru.
Saa sita mchana, ziwa liking'aa kama bati jipya,
tulishuka na mabeseni hadi kwenye mafunjo.
Nuru haitaki pupa. Ukiikwapua inamwagika,
inaacha kwenye sare doa lisilokubali sabuni.
Nkwimba alirudi kilimani na beseni mbili zimejaa,
kichwani moja, mkononi moja, wala hakuyumba.
Mimi nilirudi na maji.
Maji tu, na dagaa mmoja.

Mwaka wa pili, sauti.
Tulimenya mwangwi kama chungwa, ganda lisikatike.
Tuliazima makelele ya mdomo wa korongo
tukayarudisha kabla hajamaliza kula jalalani.
Siku ile honi ya feri ya Kamanga ilipopotea,
abiria wakashangaa, nahodha akapiga hodi kwa mafundi,
ilikuwa mfukoni mwa Masalu,
inamtekenya.

Baba yangu hajui haya.
Baba anachomelea: mageti, vitanda,
fremu za madirisha ya watu wa Kapripointi.
Miwani yake ilipasuka kioo cha kushoto
mwaka niliozaliwa,
na jicho likaifuata miwani.
Tangu hapo anachomelea amefumba.
Chuma kikishikana, anasema,
hulia kama mafuta yanayongoja maandazi.
Kisiposhikana, hutema mate.
Wateja huwaambia, "Msitazame."
Mimi hunisogeza karibu: "Sikiliza."

Mtihani ulikuwa mmoja, mfupi:
limwagie jiwe nuru mpaka liseme.

Jiwe la Nkwimba lililia kengele,
ndege wakaruka Bugando yote.
La Masalu lilicheka, likashindwa kunyamaza,
ikabidi lifunikwe gunia.
Langu, kimya.
Nikamwaga nusu beseni niliyokuwa nayo,
nikakaza macho mpaka yakaniwasha,
kimya. Jasho likaingia kinywani.
Wa mwaka wa kwanza wakaanza kuhesabu vidole vyangu.

Basi nikafumba.

Na gizani humo nikaisikia:
nuru yangu ilikuwa ikitema mate.
Pwii. Pwii. Haijashika.
Nikaisogeza upana wa ukucha,
nikaipunguza mwendo, nikaiinamisha
kama anavyoinamisha fimbo ya moto yule mtu wa Igogo,
na mafuta yakaanza kulia.

Jiwe likakohoa.
Halafu, ko.
Ko, ko, ko.
Nyundo inayobandua magamba ya moto,
sauti inayoniamsha alfajiri
tangu sijajua kuitwa Limi.
Hakuna ndege aliyeruka.
Mama wa mihogo peke yake, huko chini,
aligeuka akitafuta fundi.

Wa kufaulu, arobaini.
Nimepata arobaini na moja.
Kwa wino mwekundu Mwalimu Budeba ameandika:
"Haipendezi. Lakini hukuiazima."

Jioni nimemletea baba masalia
kwenye chupa ya maji, kizibo nimekikaza.
Hakuuliza rangi.
Ameitikisa, ameiweka sikioni,
muda mrefu, mpaka uji umepoa.

"Hapa pembeni," amesema,
"bado hapajashika."