Saba Yenye Mshipi

Baba huandika saba na kuifunga mshipi kiunoni,
kama walivyofundishwa wote kule Monforte,
kwa chaki, darasani palipovuja.
Mchezo ukasema: si sahihi.
Tano jumlisha mbili. Saba. Si sahihi.
Akaandika tena, taratibu, ulimi ukichungulia menoni,
mshipi umenyooka kuliko rula.
Si sahihi.
Kisha bundi wa katuni, mwenye miwani
na tabasamu la muuza bima,
akamwambia kwa Kihispania chenye adabu:
ubongo wako una miaka themanini na tatu.
Baba ana sitini na tisa.
Alikifunga kile kifaa polepole,
kama mtu anayetoka chumbani mwa mgonjwa.

Daktari ndiye aliyeuagiza, baada ya kiharusi
kupita na majina ya vitu.
Bawaba ikawa „kile cha mlango”,
mlango ukawa „pale”,
nami nikawa „wewe”, siku nyingine Sabela.

Mimi hutengeneza lifti mjini Lugo.
Najua nyaya, najua giza la shimo,
sikuwahi kufungua mchezo.
Lakini usiku ule niliupasua tumbo,
nikakuta ghala zima la saba:
saba mia nne na kitu, za kila mwandiko,
zote viuno wazi.
Hakuna aliyemfikiria baba.

Nikatoa darini daftari za madeni ya duka lake.
Obdulia, kilo saba za misumari ya inchi mbili.
Padri wa Quiroga, komeo saba, hajalipa.
Nikazipiga picha saba zake moja moja,
nikazishona ndani, kiraka juu ya kiraka,
na bundi nikamfundisha Kigalisia, cha kwetu,
chenye matusi madogo ya jikoni.
Baba alicheka hadi kikombe kikamwagika.
Themanini na moja, akasema bundi.

Ningeishia hapo.
Lakini wiki tatu zikapita, themanini na moja,
themanini na mbili, themanini na moja,
na mimi si mtu wa subira;
lifti ikikwama huwa naivuta.
Nikautafuta mstari unaohesabu umri,
nikaongeza alama moja ya kutoa, na kumi na mbili.
Asubuhi: sitini na tisa.
Sawasawa na kitambulisho chake.
Baba akaitazama namba ile muda mrefu.
Hakucheka. Nilidhani ni furaha.

Sasisho likaja Jumanne, saa nane za usiku,
bila hodi, kama mkaguzi wa kodi.
„Tumeboresha uthabiti”, ndivyo walivyoandika.
Saba zote zikavuliwa mishipi,
bundi akarudia Kihispania chake,
na umri ukapanda: themanini na nne.
Nikasimama mlangoni nikisubiri kelele.

Akainuka. Akaenda jikoni
akarudi na mizani ya unga,
akaitua mezani mbele yangu.
Akaweka kidole gumba kwenye sahani tupu,
akabonyeza, kidogo tu,
sindano ikasogea.
Akanitazama.
„Miaka arobaini”, akasema,
na maneno yalimjia mazima, moja nyuma ya jingine,
„miaka arobaini sijafanya hivi.”

Sikuwa na pa kuweka mikono yangu.
„Saba nirudishie”, akasema. „Ile nyingine, ile…”
Akalitafuta neno, halikuja,
akalipungia mkono kuelekea dirishani.

Basi nimezima masasisho.
Nimeshona upya kiraka kimoja,
hicho kimoja, na matusi ya bundi.
Leo: themanini.
Ameiandika kwenye kalenda ya mwokaji mikate,
akafunika kalamu, kisha akaifunua tena,
akaishika hewani juu ya mraba wa kesho.
„Sabini na tisa”, akasema. „Hiyo ina saba.”