Kidoko

Orodha ina maneno mia mbili.
La kwanza ni "mimi", la mwisho ni "jina",
katikati mna chawa, majivu, ini, nyota,
vitu ambavyo, asema Daktari Khaemba,
hakuna kabila linalokwenda kuvikopa dukani.

Nafanya kazi Mokowe, juu ya duka la saruji la Famau.
Feni inazunguka shingo upande.
Nasikiliza, narudisha nyuma, naandika;
mia nane kwa siku, chai mbali.

Ukutani kuna mchoro wa koo za lugha:
Kisemiti na watoto wake, Kiarabu katikati kama bwana harusi,
Kimisri cha kale, kilichozikwa na wenyewe,
Kichadi, Kiberberi, jamaa wa kuonana misibani;
kisha Kikushi: Kisomali, Kioroma, Kiaweer,
na pembeni kabisa, kwa mstari wa nukta nukta
na alama ya kuuliza iliyokolezwa mara mbili,
Kidahalo.

Kiswahili hakimo. Kina karatasi yake,
kwa Wabantu wenzake. Ila Daktari hupenda utani:
"Hebu hesabu mpaka kumi." Nahesabu.
Moja hadi tano niko kwa mjomba;
sita, saba, nimepiga hodi kwa Waarabu;
nane, nimerudi; tisa, nimesahau kitu, natoka tena;
kumi, nafunga mlango.

Kanda ya kumi na saba. Bi Somoe Badiva, Witu,
mwenye haraka, mwenye mbuzi wa kuangalia,
aliyedai kilo mbili za sukari kabla ya neno la kwanza
na ya tatu alipofika kwenye ini.
"Jicho?" anauliza Daktari.
"Ito."
"Hilo Kiamu, Bi."
"Basi hukusema wataka la nani."
Kicheko. Mbuzi. Pikipiki inapita.
Kisha, bila kuonya, neno lenyewe la arobaini na moja,
na ndani yake ulimi unabanduka kwenye meno.

Nikasimamisha. Nikarudisha.
Nikarudisha tena.

Sauti hiyo naijua.
Ilikuwa jikoni kwetu, Mkunumbi,
bibi akisema na sufuria, hakuwa akisema nasi.
Mama aliita kufyonya. Alikuwa akifunga dirisha
majirani wasijue tumetokana na nani.
Nami nikaibeba mdomoni hadi darasa la pili,
nikaitoa mbele ya Mwalimu Tsofa
alipouliza nani amemaliza maji ya mtungi.
Sikumtusi. Nilikuwa najibu.
Viboko sita, kwa utovu wa adabu.

Leo naambiwa ilikuwa konsonanti.
Konsonanti ya meno, adimu,
watu hupanda ndege kuja kuisikia.
Jamaa zake wa Kikushi hawanayo, asema Daktari,
wala hajui hawa waliipata wapi:
labda waliikopa,
labda ndiyo waliyobaki nayo
walipokopa vingine vyote.

Herufi yake ni mstari mmoja wa kusimama.
Si alif, japo mkono wangu wa chuoni
ulitaka kuanza kusoma. Si moja.
Nimeiandika mara ya kwanza, imetoka imepinda mwishoni
kama ile fimbo ya Mwalimu Tsofa
ilivyopinda kwa kazi nyingi.

Usiku nilimpigia mama.
Nikamuuliza bibi alikuwa akiita nini majivu.
"Majivu ni majivu," akasema. "Umekula?"
Nikangoja.
Kwake maji yalikuwa yakimiminwa ndooni.
Kisha kitu kidogo, kikavu, kwenye meno:
ama alinifyonya kwa kumchosha,
ama ni mtandao wa Mkunumbi,
ama lilikuwa neno.

Mashine nilikuwa nimeiacha kazini.