Bado Hawajashikana

Toyama, theluji imefika dirishani.
Mimi na mama, miguu chini ya meza yenye joto,
tunatazama katuni ya saa sita usiku:
Tokiwa, msuka vikapu, na jini wa mtoni
mwenye nywele za ukungu.

Wachoraji wamejaliwa, siwanyimi haki yao.
Mvuke wa chai yao nusura niupulize.
Lakini sehemu ya nne hadithi inasinzia,
ya sita daraja ni lile lile, machweo yale yale,
na mchawi aliyeapa kuukausha mto
kapewa andazi la maharage, kasamehe.
Hivyo tu!

Ya saba mama aliilala nzima.
Akashtuka: "Wameshikana mikono?"
"Bado."
"Subira huvuta heri. Hii inavuta usingizi."
Akajifunika tena.

Leo ya mwisho. Jini ananyosha kidole,
anagusa kikapu, si mkono uliokisuka,
majina ya watengenezaji yanaanza kupanda.
Nikageuka nilalamike.

Mama yu macho.
Kidole chake kinazunguka, polepole,
ukingo wa kikombe cha baba
ambacho hatujakiosha tangu Novemba.