Kaunta Buku ya Usingizi

Chumba changu Mabatini kimeegemea jiwe
kama mgonjwa aliyechoka foleni.
Usiku wa Jumapili. Nimefungua kaunta buku,
nimepiga mstari kwa ukingo wa kadi ya kliniki:
kushoto jina la gharama, kulia ukali wake.

Nataka ubingwa wa usingizi,
kumlaza mtu mpaka kisu kisimjue,
kisha kumrudisha, amwite mama yake kwa jina.
Na mimi mwenyewe ndiyo hivi, silali.

Ada ya maombi, vyuo vitatu: laki na nusu.
Hairudishwi. Neno hilo wameliandika kwa wino mzito.
Mihuri ya wakili, vyeti vitano: elfu hamsini
(hasomi, anagonga; elfu kumi kila kishindo).
Matokeo ya chuo, kwenye bahasha yenye lakiri: thelathini.
Basi la Dar, kwenda na kurudi, kama wataniita: laki na thelathini.
Pa kulala siku mbili: sitini.
Viatu vya usaili: arobaini na tano.
Bando: kumi na tano.
Makato ya kutuma: sita.
Hayo kanipigia Limi, dada yangu, wakala pale Igoma,
anayezijua tozo kama mimi ninavyoyajua mapigo ya moyo.

Jumla: laki nne na themanini na sita.
Mkononi: laki tano na kumi,
posho ya kujitolea ya miezi minane
niliyokuwa nikiila kwa ncha ya kijiko.
Inabaki ishirini na nne. Nikaiita dharura.

Usubi wa ziwa ukaingia dirishani,
mmoja ukadondoka mkiani mwa tarakimu
ukawa sifuri. Kwa pumzi moja nilikuwa tajiri.
Nikaupuliza.

Dawa najua kuipima kwa kilo,
mtoto wa kilo tisa hapewi ya kumi.
Laki tano hii niigawe vipi
kwa tamaa ya kilo sitini na mbili?

Alhamisi walikuja kutoka Ukara,
boti, kisha feri, kisha bodaboda:
Nyanjiga na mwanawe Mugeta, miaka minne, ngiri.
Mpasuaji alikuwepo. Chumba kilikuwepo. Taa ziliwaka.
Wa usingizi alikuwa mmoja,
na huyo mmoja alikuwa kwa mzazi anayevuja damu.
Mugeta alishinda na njaa kwa amri yetu.
Saa kumi jioni tukamwambia: Jumatatu.

Nilimkuta mama yake ngazini, kafungua fundo la kanga,
kazipanga sarafu kwenye saruji kwa mafungu:
la feri, la uji, la pa kujibanza siku nne.
Fungu la mwisho halikuwa na kitu.
Kaliwekea kijiwe, lisije likasahaulika.

Ilikuwa kaunta buku yangu ile ile,
ila yake haikupigwa mstari.

Nilitoa thelathini. Sikujisikia mwema.
Nilipanda kwenda nyumbani nikihesabu mawe,
kila jiwe elfu moja,
na mawe ya Mabatini hayaishi.

Sasa dharura imekwenda chini ya sifuri, hatua sita.
Nimekata "Viatu vya usaili",
juu yake nimeandika "Fundi, kubandika soli: tano."
Nikajumlisha tena, nikarudia, nikaogopa kidogo:
nina thelathini na nne. Nimezidi nilivyokuwa kabla ya kutoa.
Kumbe nilikuwa nikiwalipia wanijadili miguu.

Limi atauliza thelathini ilikwenda wapi.
Nimeandika "Imetumika", nikaweka nukta.

Kesho ndiyo hiyo Jumatatu.
Mugeta ameambiwa asile baada ya saa sita,
na saa yangu inasema saba kasoro.
Mahali fulani mjini humu yuko macho,
anadai chapati,
na mama yake anamtajia bei.