Kipimo cha Kichwa

Alipoinama kuingia dukani kwangu, Langoni,
punda aliyekuwa nyuma yake alisimama akasubiri.
Sijapata kuona punda wa Amu akimpisha mtu.

Alitaka kofia. Nikamzungushia uzi,
nikafunga fundo: inchi ishirini na tatu.
Kichwa cha kawaida kabisa, kama cha muuza mahamri.
Nilimwambia hivyo. Akacheka mpaka kiti kikalia.
"Mungu alianzia kichwa, yaya,
kisha akasahau kusimama."

Kyungu. Mzaliwa wa Lubumbashi,
chini ya mlima mweusi wa makapi ya shaba.
Alijifunzia kwenye ukuta wa parokia,
padri alipochora duara kwa kipande cha kaa.
Duara tu. Tundu hapana.
Miaka miwili, aliniambia,
alifunga vikapu visivyoingia popote.

Mimi nadarizi, yeye anahesabu.
Kinshasa: jezi nambari kumi na nne, mshahara wa nauli.
Luanda: ghorofa ya tisa, lifti mbovu.
Sfax, ambako alifunga Ramadhani na timu nzima
ingawa ni mtoto wa kwaya,
maana kula peke yako, alisema, ni kazi ngumu kuliko njaa.
Kisha mji mmoja wa Ufaransa, ligi ya pili, theluji,
na gazeti lililokosea herufi za jina lake
misimu mitatu mfululizo.
Huko ndiko goti lilikokatika.
Hakunieleza sauti yake. Alichukua uzi wangu mkavu,
akauvuta mara moja.

Klabu ya Mombasa ilimwahidi msimu, ikampa wiki sita
na hundi ambayo benki iliirudisha bila hata salamu.
Mchezaji mwenziwe, Aboud Kupi, akamleta huku harusini.
Harusi ikaisha siku ya saba.
Yeye hakuisha.

Kila alasiri yuko kwenye saruji ya shule, Wiyoni.
Pete moja imepinda, ya pili iliibwa na mwenye kuku.
Watoto wanamlilia: "Ning'inia! Ning'inia!"
Haning'inii. Anawafundisha miguu.
Saa nzima bila mpira: kuume, kushoto, simama, geuka,
hata wazazi wakauliza kama huu ni mchezo au gwaride.
Mwanashee wa jirani alirudi nyumbani akilia kwa hasira,
kesho yake akawa wa kwanza kufika.

Mama yangu hasikii vizuri, na wageni hawapendi.
Jioni moja Kyungu akaaga kwa Kiswahili chake cha machimboni:
"Mama, kesho nitakuya."
Mama akaacha kuchambua mchele.
Neno hilo mimi nililiacha skuli.
Mwalimu wa bara alilikata kwa wino mwekundu,
akaniandikisha mara hamsini: kuja, kuja, kuja.
Na sasa, kutoka maili elfu na ushei za nchi kavu,
linarudi mlangoni kwetu
limevaa viatu nambari hamsini.
"Ndoo mapema," Mama alimjibu. "Kuna mkate wa mofa."

Kofia ilinichukua miezi mitatu.
Matundu mia tisa na kitu,
kila moja nimelitoboa, nikalizungushia uzi,
nikalikaza lisifumuke.
Aliishika karibu na taa, akaigeuza, akaigeuza tena.
Akapitisha kidole juu ya matundu polepole,
kama mtu anayesoma deni lililolipwa na mwingine.
"Haya," alisema, "haya yote yameingia."

Nilimtajia nusu ya bei. Alilipa nzima,
noti zimekunjwa ndogo kama dawa.
Habari ilikuwa imefika: timu ya Kolwezi inataka kocha wa vijana,
nyumba ipo, mshahara wataongea.
"Wataongea," alirudia, tukacheka sote wawili;
yeye aliacha kucheka kwanza.

Kisha akasimama, akausahau mlango.
Pu! Paji la uso kwenye mbao ya juu.
Kofia haikuanguka.

Mama, huko ndani, alidhani ni mtu anabisha.
"Ndoo," akaita. "Ndoo, mwanangu, kumewazi."