Sufuri Nne

Bi Mize alipotaka, dukani, Wete mjini,
kamera iliyochoka, ya mtumba Darajani,
apate kuwakumbuka wachukuao kwa deni,
fundi Faki kaiweka, taa nyekundu puani.

"Bibi, hii ni sufuri, mara nne. Badilisha,"
Faki kasema, tayari, pikipiki keshawasha.
Kuna wataka sukari, neno hilo likaisha.
Miaka saba sufuri, jicho lile likikesha.

Usiku mmoja, simu: Hija, mjukuu wake,
aliye kwenye elimu, Uturuki na wenzake.
"Bibi, nakuona humu! Kopo hilo lifunike!
Hapaulizwi salamu, atakaye na afike."

Akaiwaza idadi ya siku alizolia,
siku ya kufa Masudi, kaegemea gunia,
kichwa wazi, na hasidi mbali akimwangalia.
Na wa deni hakurudi, hata mmoja, nakwambia.

Jicho hilo kalivisha kofia ya marehemu;
kwa vitundu ikirusha wekundu ule wa sumu.
Faki kenda kumwamsha: "Leo nipe neno gumu."